Mechi Ishirini na Saba na Debe la Mama Mdogo

Kosa ni langu. Nalisema mwanzo ili pasiwepo mtu wa kunitafutia kisingizio. Lilianza mwaka 1974, nikiwa na miaka ishirini na tisa, mwaka ule tuliohamishiwa vijijini, na lilikuja kukomaa juzi juzi tu, nikiwa mzee wa fimbo, kando ya kaburi.

Kwa kweli ni makosa mawili. La kwanza kijiji kizima kinalijua, kimelicheka mpaka kimechoka. La pili analijua mtu mmoja tu, na mtu huyo si msemaji. Kwa hiyo nitalisema mimi, jina langu nikiliacha nyumbani.

Nimeishia darasa la pili. Kuandika nilijifunza mwenyewe kwa kuandika juu ya magunia. Msomi anayetafuta nukta na mkato atafute kwingine.

Mwaka ule tulibeba milango, vyungu na kuku, tukashushwa kando ya barabara katikati ya uwanda huu wa Ufipa wenye upepo, tukaambiwa hapa ndipo kijiji cha ujamaa. Wengine walilia. Mimi sikulia. Kijiji kipya kina nafasi nyingi kwa mtu mwenye sauti, na mimi nikikohoa hapa, ng'ombe wa bonde la pili wanainua vichwa. Wakanichagua kamati ya kijiji, upande wa utamaduni na michezo.

Kazi yangu ya kwanza ikawa kutafuta uwanja wa mpira.

Palikuwa na sehemu nyingi. Palikuwa na malisho upande wa mto, tambarare kama meza. Lakini kule hakuonekani barabarani, na mimi nilitaka mtu anayepita na gari kwenda Sumbawanga ageuze shingo aulize, hawa ni akina nani. Pembeni ya barabara palikuwa na shamba moja tu linalotosha. Lilikuwa la mama mdogo Skolastika, mjane wa baba yangu mdogo, aliyekuwa akilima hapo tangu kabla hatujahamishwa.

Shamba lile lilikuwa na udongo mweusi, na mwezi wa tatu mama mdogo alikuwa ameshalipiga intumba. Asiyejua kilimo chetu nimweleze. Intumba ni vilima vya duara vya udongo, kila kimoja kama ungo mkubwa uliofunikwa, na ndani yake unafukia majani mabichi yaoze. Juu unapanda maharage. Mvua zijazo unavitawanya, unapanda ulezi kwenye mbolea hiyo. Ni kazi ya kuvunja mgongo, na mama mdogo alikuwa ameifanya na mwanawe wa pekee, Kondrad. Maharage alishavuna. Alikuwa anangoja mvua tu.

Nikasema uwanja uwe hapo. Mama mdogo akapewa ekari mbili mlimani, mawe matupu, mwendo wa saa moja na nusu kwa miguu.

Alipokuja kwangu hakupiga kelele. Aliniuliza tu, "Mwanangu, ni wewe uliyesema?"

Nikamjibu, "Mama mdogo, ni kijiji kimesema."

"Kijiji kina mdomo wa nani?"

Nikajifanya nina haraka.

Vijana walikata vile vilima kwa majembe siku mbili. Walikata vichwa, mabega yakabaki. Majani yakaota juu, na tangu hapo uwanja wetu ulikuwa na migongo na mabonde kama godoro la sufi lililolaliwa na mlevi. Tukasimika magoli ya miti ya mkaratusi, tukachora mistari kwa majivu, na timu nikaipa jina mwenyewe: Tusirudi Nyuma.

Sasa sikilizeni desturi yetu ya mpira wa wakati ule, kwa sababu kila kitu kimesimama hapo. Ligi hatukuwa nayo. Kijiji kikifungwa, ndicho kinachofunga safari kurudi kwa aliyekifunga kutafuta heshima yake. Aliyeshinda hatoki kwake. Anakaa, anapika, anapokea wageni. Ukishinda mechi ya kwanza nyumbani, unaweza kuzeeka hujaona goli la mtu mwingine.

Sisi tulishinda ya kwanza nyumbani.

Tukashinda ya pili, ya tatu, ya nne. Wageni walikuwa wanakuja na mpira wao mzuri wa pasi, wakifika kwetu mpira unawakimbia. Ukipiga pasi kulia unaruka kushoto. Beki anajipanga kuupokea kifuani, unamgonga gotini. Vijana wetu walikuwa wanafanya mazoezi pale kila jioni, wakaijua kila nundu kwa jina. Nundu iliyo karibu na goli la barabarani waliiita Mama Mkwe, kwa sababu humwendei moja kwa moja, unapita pembeni. Ya katikati iliitwa Katibu, maana kila kitu lazima kipitie kwake na kinatoka kimebadilika. Na ile ya kona ya mashariki waliiita Kitanda, kwa kuwa mabeki wengi wa kigeni walilala hapo.

Mimi nilijua majina hayo, nikacheka nayo. Lakini kichwani mwangu sikuwahi kuyaunganisha na ushindi. Ushindi nilijua unatoka wapi. Unatoka kwenye hotuba yangu ya mapumziko.

Kondrad ndiye alikuwa mfungaji wetu. Miaka kumi na tisa, mwembamba, miguu mirefu. Alikuwa anapiga mpira kwenye bega la Mama Mkwe, ukigeuka anakuwa ameshafika upande wa pili anausubiri kama mtu anayesubiri basi analojua saa yake.

Mwaka uliofuata njaa ikapiga. Mvua zilikataa, na kule mlimani mama mdogo hakuvuna hata cha kujaza kofia. Alikuja kwangu na bakuli kuomba unga. Mke wangu alimpimia. Mimi nilikuwa barazani napuliza mpira kwa pampu ya baiskeli, nikaitikia salamu bila kuinua kichwa.

Baada ya hapo akaja kwenye mkutano wa kijiji. Akasimama mbele ya watu wote, akasema neno moja: arudishiwe shamba lake, na uwanja uhamie malishoni upande wa mto.

Wengi walikuwa na aibu. Mwenyekiti akageukia kwangu. Hapo ningeweza kusema ndiyo. Ilikuwa ndiyo nyepesi tu, ingenigharimu jasho la siku mbili la kuhamisha miti sita. Lakini nilikuwa mtu wa kuchekesha mikutano.

Nikasimama nikasema, "Mama mdogo, uwanja wa ushindi hauguswi. Siku Tusirudi Nyuma itakapofungwa pale, kesho yake asubuhi njoo na mbegu zako. Hakuna atakayekuuliza."

Mkutano ukavunjika mbavu. Tulikuwa tumeshinda mechi tisa mfululizo.

Mama mdogo alingoja kicheko kiishe. Kisha akamwambia katibu wa kijiji, "Andika."

"Niandike nini, mama? Ni utani."

"Wewe andika alivyosema. Utani au siyo utani, vitajuana vyenyewe huko kitabuni."

Katibu akaandika kwenye muhtasari, neno kwa neno. Mama mdogo hakujua kusoma, lakini alikaa hapo mpaka kalamu ikasimama.

Tangu siku ile hakukosa mechi. Kila Jumapili baada ya misa alikuja, akakaa kwenye kona ya Kitanda, na jembe lake mapajani. Watu wakamzoea, wakamfanyia mzaha.

"Mama Kondrad, jembe la nini mpirani?"

"La kuegemea."

"Unashangilia timu gani leo?"

"Mwanangu anacheza, nitashangilia nani?"

Na kweli alishangilia. Kondrad akifunga, alipiga kigelegele kuliko wote. Nilimwangalia nikasema moyoni, mama huyu akili imemtoka, kila bao la mwanawe linamfukuza shambani kwake na yeye anapiga kigelegele.

Nilikuwa na wasiwasi na Kondrad hata hivyo. Nilimpa ukapteni ili nimfunge kamba. Siku moja, baada ya mechi ya kumi na nane, nikamwita pembeni.

"Mdogo wangu, nyumbani hawakusemi? Mama hakwambii upige nje?"

Akanitazama kama nimemtukana. "Kaka, nilimwambia mwenyewe. Nilimwambia, mama, nikikosa penalti moja tu tunalala na shamba letu. Akanipiga kofi."

"Kofi la nini?"

"Akasema kufungwa kwa makusudi ni wizi, na yeye shamba la wizi halitaki. Akasema nicheze kwa nguvu zote. Timu ya kaka yako, akasema, itafungwa na kaka yako."

Nilicheka sana. Nikamwelezea hata mke wangu. Yeye hakucheka.

Tulifika mechi ishirini na saba. Nilikuwa nachora mistari ya mkaa kwenye mlango wa godauni la kijiji, mstari mmoja kila ushindi, na hapakuwa na timu nyingine katika tarafa yote iliyofika hata nusu. Watu wa Kabwe walipanda kutoka ziwani na samaki wao, wakarudi bila samaki na bila bao. Nilitengenezewa kiti cha mikono. Nilipopita pombeni, mtu alihama kunipisha. Shamba langu mwenyewe miaka hiyo lilikuwa magugu, lakini nani anaangalia magugu ya mtu aliyeshinda mara ishirini na saba?

Timu ya Mazwi, ya mjini Sumbawanga, ilikuwa imekuja mara mbili ikafungwa mara mbili. Mkuu wao alikuwa Bwana Ambakisye, mtu wa Mbeya, mtumishi wa ofisi moja pale mjini, suruali yenye upindo mkali. Nilikutana naye mnadani, mwezi wa kumi na moja mwaka 1977. Nikamsalimia kwa kejeli, nikamuuliza kama miguu ya vijana wake imepona.

Akajibu kwa upole tu. "Mzee mwenzangu, miguu imepona. Lakini ninyi hamchezi mpira. Mnacheza matuta."

Watu waliokuwa wanachagua mashuka wakageuka.

"Unasemaje?"

"Nasema ushindi wenu umo ardhini, haumo miguuni. Sawazisheni ule uwanja, tukikufungeni chini ya matatu nitatembea kwa miguu kutoka kwenu mpaka Mazwi."

Kicheko kikapasuka, na kilikuwa kinanielekea mimi. Ndugu msomaji, mtu mwenye akili hapo angesema, bwana wee, uwanja ndio huo huo, njooni mnavyokuja. Ishirini na saba ni ishirini na saba. Lakini alikuwa amenigusa kwenye hotuba yangu ya mapumziko.

Nikamwambia, mbele ya mnada wote, "Njoo Jumapili ya tatu kuanzia leo. Utakuta uwanja kama sakafu ya kanisa. Na kwa miguu utatembea."

Niliporudi nikawaambia vijana. Kondrad akasema, "Kaka, tusisawazishe."

"Kwa nini?"

"Sisi tunajua kucheza pale. Kwingine hatujawahi."

"Unataka kuniambia yule mtu wa Mbeya ana haki?"

"Sisemi ana haki. Nasema tusisawazishe."

"Wewe ni mchezaji. Mimi ni meneja."

"Haya, kaka."

Jembe la kukokotwa nilikuwa nalo, la kijiji. Ng'ombe wa kijiji walikuwa wagonjwa wa ndigana. Ng'ombe wawili wazima wenye kujua kazi walikuwa wa mama mdogo, alioachiwa na marehemu. Nilizunguka siku mbili nikitafuta wengine, kwa aibu, kisha nikaenda kwake. Nilijiandaa kwa maneno marefu.

"Mama mdogo, shikamoo."

"Marahaba, mwanangu. Nimesikia. Unataka ng'ombe."

"Kwa siku mbili tu."

"Chukua siku nne. Usilime juu juu. Hizo intumba zina mizizi mirefu, ukikwaruza tu zitarudi. Zamisha jembe. Ng'ombe wangu wanalijua lile shamba, watakuonyesha wenyewe."

Nilimshukuru. Nilisema moyoni, hatimaye mama amekubali kuwa ule ni uwanja.

Mvua za kwanza zilikuwa zimelainisha ardhi. Nililima mwenyewe, sikumwachia mtu, kwa sababu nilitaka ionekane ni mkono wangu. Nilikata kwa urefu, nikarudia kwa mapana. Mama Mkwe alipasuka, Katibu akapasuka, na ndani yake palikuwa na udongo mweusi unaong'aa, unanukia kama mkate. Miaka mitatu ya majani yaliyooza, na mavi ya ng'ombe waliokuwa wanalala pale usiku. Kisha nikapitisha gogo la kuburuta mpaka uwanja ukawa sawasawa. Mama mdogo alikuja kila siku na kibuyu cha togwa. Aliniambia, "Kunywa, mwanangu. Unalima vizuri." Nilikunywa.

Jumapili ikafika. Kijiji kilijaa mpaka watu walikaa juu ya paa la godauni. Mazwi walishuka kwenye lori, Bwana Ambakisye akatembea mpaka katikati ya uwanja, akaupiga udongo kwa kisigino, akanipa mkono.

Sitaieleza mechi yote. Nitaeleza kitu kimoja. Dakika za mwanzo kabisa, Kondrad alipokea mpira, akaupiga pembeni kama kawaida yake, kwenye bega la Mama Mkwe, akakimbia kuuzunguka akausubiri upande wa pili. Mpira haukugeuka. Ulikwenda moja kwa moja mpaka miguuni kwa beki wa Mazwi, ambaye alishangaa, maana ilikuwa pasi safi. Kondrad alibaki amesimama pale akiungojea.

Na hakuwa yeye tu. Winga wetu wa kushoto, kila alipofika mahali palipokuwa Kitanda, aliinua mguu kuruka kitu ambacho hakikuwepo. Kipa wetu alijitupa kulia kwa mpira uliokwenda kushoto, kwa sababu miaka mitatu mipira ya pale ilikuwa inadunda kulia. Watu kumi na mmoja walikuwa wanacheza kwenye uwanja wa zamani, na wageni kumi na mmoja walikuwa wanacheza kwenye huu mpya.

Mapumziko, mabao matatu kwa sifuri. Nikatoa hotuba yangu. Niliitoa kwa nguvu kuliko siku zote. Waliporudi wakafungwa mengine manne.

Filimbi ya mwisho ilipolia, hakuna aliyenung'unika. Kisha macho ya watu, mmoja mmoja, yakageuka kwenye kona ya mashariki. Mama mdogo alikuwa amesimama. Hakupiga kigelegele. Alikuwa anajipangusa vumbi, jembe liko begani.

Kesho yake jua halijakaza nilikwenda pale na katibu, nikiwa na hoja yangu. Mama mdogo alikuwa ameshapanda mistari minne. Kondrad alikuwa nyuma yake, anafukia.

"Mama mdogo," nikasema, "yale yalikuwa maneno ya mkutano."

"Ndiyo. Yamo kwenye kitabu cha mkutano."

"Ilikuwa lugha ya utani."

"Katibu," akasema bila kuinuka, "soma."

Katibu alisoma. Katika muhtasari wote ule, hapakuwa na mahali palipoandikwa watu walicheka. Wanaosoma muhtasari watanielewa.

Mama mdogo akalitazama shamba zima, kona kwa kona. "Umelima vizuri, mwanangu. Urefu na mapana. Hata marehemu hakuwahi kunilimia hivi."

Hilo ndilo kosa la kwanza, ambalo kijiji kinalijua. Kamati waliniondoa kabla ya Krismasi. Uwanja ulihamia malishoni upande wa mto, mahali ambapo ungekuwa tangu mwanzo, na Tusirudi Nyuma ikafungwa mechi tisa mfululizo. Desturi ikatugeukia: sasa sisi ndio tuliokuwa tunafunga safari. Kondrad alihamia Mazwi kucheza kwa Bwana Ambakisye, wakampa na kazi. Mistari ya mkaa mlangoni ilifutwa na mvua. Na mimi wazee wenzangu wananiita Bwana Shamba mpaka leo, kwa sababu ya kumlimia mjane shamba kwa juhudi namna ile.

La pili ni hili.

Baada ya Pasaka, mama mdogo alikuja nyumbani na debe la bati kichwani, limejaa maharage mpaka yanamwagika. Maharage ya lile shamba. Akalitua mlangoni.

"Nini hii, mama mdogo?"

"Ujira wako."

"Ujira wa nini?"

"Wa kulima. Mtu akikulimia unampa chake."

Nilikataa. Nilisema mimi siombi. Kwa kweli ndani hapakuwa na chakula. Nimeshawaambia shamba langu lilikuwa magugu. Mke wangu alinipita kama nguzo, akalivuta debe ndani, akasema, "Ahsante, mama."

Nusu tulikula. Nusu nyingine niliichukua kwa hasira, nikaenda kwenye magugu yangu, nikapiga intumba kwa mara ya kwanza tangu tuhamishwe. Nilipiga vizuri, maana sasa nilikuwa nimeona kilichomo ndani yake. Nikapanda. Nikavuna madebe sita. Mwaka uliofuata magunia. Baadaye nikawa napeleka maharage Kabwe kwa wavuvi, halafu mpaka Kasesya mpakani, na watu wa Zambia wakayapenda, wanasema yanaiva upesi. Mbegu ni ile ile.

Kwetu chombo cha mtu hakirudi kitupu. Ukiletewa debe, siku ya kulirudisha unatia chochote ndani, hata kama ni mahindi mawili. Kila mwaka nilisema mwaka huu nitalirudisha. Lakini kulirudisha likiwa na kitu ni kukubali kuwa nililetewa. Na mimi nilikuwa nimeshaanza kuwaambia watu kwamba nilianza na mikono mitupu.

Hayo nimeyasema kwenye harusi, kwenye mikutano ya wazazi, kwa vijana wanaokuja kuniuliza siri ya mafanikio. "Mimi sikupewa na mtu hata punje." Punje, jamani. Nilikuwa nalichagua neno hilo mwenyewe.

Mama mdogo alisikia. Aliishi miaka mingi baada ya hapo, alipita tisini. Tulisalimiana kila Jumapili kanisani. Hakunidai debe.

Alipofariki, miaka mitatu iliyopita, mimi ndiye nilikuwa mkubwa wa ukoo. Nikapewa kuzungumza kaburini. Nilisema mengi mazuri, na yalikuwa ya kweli. Kisha lile koo langu la zamani likafunguka lenyewe. Nikasema, "Mama huyu alikuwa mjane. Mimi nilimlimia shamba lake kwa mikono yangu, urefu na mapana, na sikuchukua ujira."

Waombolezaji wakatikisa vichwa kukubali. Vijana hawakuwepo mwaka wa 77, kwao ilikuwa habari nzuri tu. Padri alinipa mkono. Wazee wawili watatu wanaoijua mechi walitabasamu wakadhani nataniana na marehemu. Habari ya debe hawakuijua. Lililetwa mlangoni kwangu, mke wangu ameshatangulia, na Kondrad alikuwa Mazwi.

Niliamini hajui. Mazishi yalipokwisha alinijia, mvi kichwa kizima, anatembea kwa kuvuta ule mguu wa kufungia.

"Kaka, umezungumza vizuri."

"Ahsante, mdogo wangu. Ni wajibu."

"Debe la mama bado unalo?"

Nikasema, "Nadhani lipo stoo."

"Ah. Basi sawa," akasema, akaenda kusaidia kukunja turubai.

Hakuuliza tena. Tunapigiana simu, ananijulia hali. Tangu siku hiyo debe nimelitoa stoo, liko chumbani, chini ya dirisha. Nimewaza kulipeleka. Nikitia maharage, ni yake mwenyewe. Nikitia kitu kingine, nitie nini kinachotosha, na aliyelileta hayupo? Nimeandika barua hii, labda Kondrad ataisoma. Ikiwa ndivyo, mdogo wangu, shamba mama yako alilipwa, lakini debe bado. Nakuja nalo mwezi huu. Litakuwa na kitu ndani, usiniulize nini, kwa kuwa sijajua.

Ninyi vijana mnaoshinda, nawaambia kwa ukali, maana upole sikufundishwa. Ukishinda mara nyingi mfululizo, kabla hujajisifu inama uangalie umesimama juu ya shamba la nani. Ukitaka kutoa ahadi ya kuchekesha mkutano, ujue yupo mtu mmoja asiyecheka, na huyo ndiye atakayesema andika. Na mtu akikupa kitu mlangoni ukakipokea, sema ulipewa. Usingoje mpaka uanze kusema uongo kwa watu waliobeba majembe ya kufukia kaburi.

Hivi ndivyo nilivyonavyo leo. Nyumba ya matofali ya kuchoma, vyumba sita, bati la kijani. Mashine mbili za kusaga. Lori moja, linawaka kwa kusukumwa. Ng'ombe kumi na wanne. Ekari thelathini, ishirini za maharage. Kiti cha mikono, mguu mmoja umelegea. Filimbi ya refa, moja. Na debe la bati, kitako kimeanza kula kutu, ambalo si langu.